Mwalimu wa Jiografia wa Iten, na Yule wa Kwetu Msambweni

Kila mtu ameiona ile muvi. Shule ndogo huko Marekani, mji wenyewe hauna kitu isipokuwa kituo cha mafuta na kanisa, na timu yao ya futiboli ya Kimarekani, ile ya kuvaa helmeti na kugongana, inapigwa kila wiki. Anakuja kocha mpya, ana kofia na filimbi. Anawafokea watoto kwenye chumba cha kubadilishia nguo, muziki unapanda, na kwenye fainali wanashinda sekunde ya mwisho kabisa. Unalia. Mimi nimelia, sitawadanganya.

Na si muvi tu. Kule kocha wa shule ya upili ni mtu mkubwa kweli kweli. Mji wa Allen, jimbo la Texas, shule ya upili ina uwanja wake wa kukaa watu 18,000, ulifunguliwa 2012 kwa dola milioni 60. Shule ya upili! Sisi Msambweni tulichezea chini ya mikorosho, na goli la upande wa barabara lilikuwa na mwamba wa mti uliopinda katikati, kwa hivyo kila kipa alijua kona ya kulia mpira unaweza kupita juu na bado ukawa goli.

Sasa juzi nimekaa Ukunda stejini, nangoja matatu ya Lunga Lunga ijae, nikajiuliza: kwani sisi Kenya hatuna stori ya kocha wa shule? Yaani mwalimu wa kawaida, shule ya kawaida, ambaye kazi yake ikabadilisha dunia? Tunayo. Tena ni kubwa kuliko muvi zote hizo, na nusu ya mabeshte zangu hawaijui. Kwa hivyo leo hakuna drama ya mastaa. Leo ni historia. Kaeni.

1976

Mwaka huo mwalimu mmoja kijana kutoka Ireland alifika Iten, kule juu kwenye ukingo wa Bonde la Ufa, kufundisha Jiografia katika shule ya wavulana ya St Patrick's. Anaitwa Colm O'Connell. Ni mtawa wa shirika la Kikatoliki la Patrician Brothers, ndiyo maana mpaka leo watu wanamwita Bruda Colm. Hakuwa mkimbiaji. Hakuwahi kusomea ukocha wa riadha hata siku moja, na yeye mwenyewe amelisema hilo kwenye mahojiano mara nyingi tu.

Pale shuleni alimkuta Mwingereza mmoja, Pete Foster, aliyekuwa akiwasimamia wanafunzi kwenye riadha. Huyu Pete ni ndugu yake Brendan Foster, aliyeshinda medali ya shaba ya mita 10,000 kwenye Olimpiki ya Montreal mwaka huohuo wa 1976. Baadaye Pete akaondoka, na timu ikabaki mikononi mwa mwalimu wa Jiografia. Kila mtu aliyesoma shule ya Kenya anaijua hiyo kitu: mwalimu mgeni, bado kijana, hana familia hapa, basi yeye ndiye atapewa michezo. Ndivyo wanavyopatikana makocha wengi wa nchi hii.

Angalia vizuri na wakati wenyewe. Montreal 1976 Kenya haikukimbia. Nchi nyingi za Afrika ziligoma kwa sababu timu ya raga ya New Zealand ilikuwa imekwenda kucheza Afrika Kusini ya ubaguzi, na New Zealand haikufungiwa. Moscow 1980 Kenya tena haikwenda. Kwa hivyo kijana wa Iten aliyekuwa akikimbia wakati ule hakuwa na Olimpiki ya kuota. Kuna mtu anaitwa Henry Rono, Mnandi, ambaye 1978 alivunja rekodi nne za dunia ndani ya siku 81: mita 3,000, mita 5,000, mita 10,000 na mbio za kuruka maji na viunzi. Hakuwahi kukimbia Olimpiki hata moja. Alifariki Februari 2024. Nikifikiria hilo huwa naumia, wallahi.

Basi katika hali hiyo, Bruda Colm alianza na kitu kimoja ambacho hakigharimu shilingi: kuangalia. Kwa kuwa hakujua chochote, alikuwa akiwatazama vijana wakikimbia na kuwauliza. Unajisikiaje? Mbona mguu unatua hivi? Jana ulipumzika? Wenzake waliosomea kazi walikuja na majibu. Yeye alikuja na maswali, na waliokuwa na majibu walikuwa wanafunzi wenyewe.

Matunda yakaanza kuonekana

Ibrahim Hussein alipitia St Patrick's. 1987 akawa Mwafrika wa kwanza kushinda marathoni ya New York, na 1988 Mwafrika wa kwanza kushinda ya Boston. Akarudi Boston akaishinda tena 1991 na 1992. Kabla yake, dunia ilikuwa ikisema Wakenya ni watu wa uwanjani tu, marathoni si yao. Leo ukisema hivyo mtu atakucheka.

Halafu kuna mapacha, Kip na Charles Cheruiyot. 1983 Kip aliweka rekodi ya dunia ya vijana kwenye mita 1,500, na 1984 wote wawili waliikimbilia Kenya kwenye Olimpiki ya Los Angeles. Hapa ndipo stori inaingia Marekani tena, lakini si ile ya uwanja wa milioni 60. Mapacha hawa walikwenda kusoma chuo kidogo cha Kikatoliki, Mount St. Mary's, katika mji mdogo wa Emmitsburg, Maryland. Kocha wao pale alikuwa Jim Deegan. Nina hakika hujawahi kulisikia jina hilo. Mimi pia sikuwahi, mpaka nilipoanza kuisoma hii stori.

Nyuma yao akafuata kijana mwingine wa St Patrick's, Peter Rono. Seoul 1988, fainali ya mita 1,500. Mle ndani kuna Waingereza wawili waliokuwa wakiogopwa na dunia nzima, Steve Cram na Peter Elliott. Rono ana miaka 21, ni mwanafunzi tu wa kile chuo kidogo. Akaongoza, wakamtafuta, hawakumpata. Dhahabu, kwa dakika 3 na sekunde 35.96. Elliott akawa wa pili.

Sasa fikiria: dhahabu ya Olimpiki imetoka kwa mwalimu wa shule ya upili kwenye mji wa vumbi, ikapitia kwa kocha wa chuo kidogo ambacho hata Wamarekani wengi hawakijui. Hakuna hata mmoja kati ya hao wawili aliyekuwa na uwanja wa watu 18,000.

Barcelona 1992, Matthew Birir, pia wa St Patrick's, akachukua dhahabu ya kuruka maji na viunzi. Wa pili siku hiyo alikuwa Mkenya mwenzake, Patrick Sang. Ndiyo, Sang yuleyule ambaye leo ni kocha wa Eliud Kipchoge. Wa tatu pia Mkenya, William Mutwol. Jukwaa zima letu.

Wilson Kipketer naye alisoma palepale, akaenda Denmark kusoma, akawa Mdenmaki, akashinda ubingwa wa dunia wa mita 800 mara tatu: 1995, 1997 na 1999. Agosti 1997 aliweka rekodi ya dunia ya dakika 1 na sekunde 41.11. Rekodi hiyo ikakaa miaka 13.

Na nani aliivunja? David Rudisha, 2010, Berlin. Rudisha ni Mmaasai wa Kilgoris, baba yake Daniel alishinda fedha ya mita 400 kwa timu kule Mexico 1968. Hakusoma St Patrick's, alisoma Kimuron, hapohapo Iten, lakini kocha ni yuleyule: mwalimu wa Jiografia. Kwa hivyo rekodi ilitoka kwa mwanafunzi wa shule ya Bruda ikaenda kwa mwanafunzi mwingine wa Bruda. Tarehe 9 Agosti 2012, London, Rudisha akatoka mbele tangu mwanzo, bila mtu wa kumvutia kasi, akamaliza kwa dakika 1 na sekunde 40.91. Mtu wa nane, yaani wa mwisho kabisa, alikimbia 1:43.77. Muda huo ungeshinda dhahabu kwenye Olimpiki tatu zilizotangulia. Mtu mmoja alikimbia mpaka akawavuta wengi nyuma yake kufika mahali ambapo hawakuwa wamewahi kufika.

Wasichana

Hii sehemu ndiyo huwa inasahaulika. St Patrick's ni shule ya wavulana. Wasichana wa Keiyo na Marakwet walikuwa wakikimbia shuleni mpaka darasa fulani, halafu basi: ndoa, kazi za nyumbani, kimya. 1989 Bruda Colm alianza kuwaita wasichana kwenye kambi za likizo. Likizo, kwa sababu ndio wakati shule imefungwa na vitanda viko wazi. Si mpango wa wizara, ni vitanda vitupu tu.

Lydia Cheromei alishinda mbio za nyika za dunia za wasichana 1991 akiwa na miaka 13. Sally Barsosio alipata shaba ya dunia ya mita 10,000 mwaka 1993 akiwa na miaka 15, na 1997 akachukua dhahabu yenyewe. Baadaye Janeth Jepkosgei, dhahabu ya dunia ya mita 800, Osaka 2007. Wote walipitia mikono hiyo.

Na tuseme ukweli wote, maanake hii si barua ya sifa. Cheromei huyohuyo alifungiwa miaka miwili baadaye kwa dawa zilizokatazwa, 2005. Iten ya leo ina shida kubwa ya hizo dawa. Na mtoto wa miaka 13 kuwa bingwa wa dunia ni kitu cha kushangilia, lakini pia ni kitu cha kuuliza: baada ya hapo nani anamlinda? Kocha wa shule ana nguvu kubwa juu ya watoto. Nguvu hiyo inajenga, na mikononi mwa mtu mbaya inaharibu kabisa. Tunajua.

Siri ni nini?

Watu wa kwetu jibu lao ni moja: "Ni ile hewa. Kule ni juu." Sawa. Iten iko kama mita 2,400 juu ya usawa wa bahari. Hewa ina oksijeni kidogo, mwili unajibu kwa kutengeneza chembe nyekundu zaidi za damu, mtu anapata pumzi. Hilo ni kweli na halina ubishi. Sisi Diani tuko mita sifuri, ukichimba kidogo unakuta maji ya chumvi.

Lakini kama urefu wa mlima ungetosha, basi mabingwa wangetoka Nepal na Bolivia pia. Hawatoki. Kuna kitu kingine, na mimi naona ni shule.

Shule ya bweni inakukusanyia vijana wa umri mmoja mahali pamoja. Wanakula wakati mmoja, wanalala wakati mmoja. Kuna ratiba. Kuna mashindano yenye ngazi: kanda, kaunti ndogo, kaunti, mkoa, taifa, halafu Afrika Mashariki. Kijana haitaji kuota Olimpiki, anahitaji tu kumshinda yule wa shule jirani Jumamosi ijayo. Halafu kuna kaka wa kidato cha nne aliyekwisha kwenda Marekani kwa skolashipu, na wewe wa kidato cha kwanza umemwona kwa macho yako akifua soksi zake. Unajua ni mtu, si malaika. Pale St Patrick's kuna miti iliyopandwa kwa majina ya mabingwa waliopita. Mtoto anapita chini ya kivuli cha mti wa Peter Rono akienda kula maharagwe.

Na katikati ya hayo yote yuko mtu mmoja ambaye hakuondoka. Hiyo ndiyo siri. Alifika 1976 na akakaa. Alifundisha, akawa mwalimu mkuu, akastaafu ualimu, na bado akakaa Iten akiendelea na vijana. Zaidi ya miaka 40 sehemu moja. Makosa aliyofanya na kundi la 1978 aliyasahihisha na kundi la 1985. Aliyojifunza kwa Kipketer alikuwa nayo tayari Rudisha alipokuja. Ujuzi haukupotea njiani kwa sababu mwenye ujuzi hakupotea.

Mahali nilipokwama

Sasa niwaambie ukweli. Nilianza kuandika hii posti nikiwa na nia nyingine. Mnajua mimi chuo niliacha mwaka wa pili, na kila Idi shangazi zangu wananiuliza ile karatasi iko wapi. Nilipogundua kwamba kocha mkubwa zaidi wa Kenya hakuwa na cheti cha ukocha, nikasema hii hapa! Hii nitawatumia kwenye grupu la familia. Karatasi si kitu, kipaji ndio kila kitu, kwisha.

Lakini nikiendelea kusoma ikawa haikai. Kwanza, Bruda Colm hakuwa mtu bila elimu. Alikuwa mwalimu aliyesomea ualimu. Ujuzi wa kukaa na kijana wa miaka 16 na kujua leo amechoka au leo anadanganya, huo alikuwa nao. Pili, alirithi kitu. Foster alikuwa ameshaanza, shule ilikuwa imeshasimama tangu miaka ya sitini, na vijana wa kule walikuwa wakikimbia kabla yeye hajafika. Tatu, na hii ndiyo kubwa: yeye ni mtawa. Hana mke, hana watoto, hana karo ya kulipa, hana mkopo wa sako. Shirika lake linamlisha na kumpa pa kulala. Ndio maana aliweza kukaa.

Kwa hivyo ukisema "ona mzungu alivyotusaidia", umekosea. Na ukisema "ona, hata bila cheti mtu anaweza", umekosea pia, na mimi ndiye nilikuwa wa kwanza kukosea. Stori sahihi ni hii: mwalimu mmoja aliyependa kazi yake alipewa miaka 40 bila kusumbuliwa na njaa. Mpe mwalimu mwingine yeyote anayependa kazi yake miaka 40 kama hiyo, halafu tuone.

Yule wa kwetu

Sababu nasema hivyo ni kwamba mimi pia nilikuwa na mwalimu wa Jiografia. Shule siitaji, na jina lake pia silitaji kwa sababu hapendi haya mambo ya mitandaoni. Yeye ni Mdigo wa hukuhuku kusini, na alikuwa kocha wetu wa boli. Tulikuwa na mipira miwili, mmoja ulikuwa umeshonwa mpaka ukawa na umbo la muhogo. Mazoezi yalikuwa baada ya Alasiri kwa sababu aliongea na maustadhi wetu mmoja mmoja ili madrasa isogezwe kidogo. Mwezi wa Ramadhani tulikimbia saa moja kabla ya futari, mbio nyepesi tu, halafu kila mtu kwao. Alikuwa akienda hadi majumbani kuomba ruhusa. Anabisha hodi, anakaa kibarazani, anazungumza na mzee wa nyumba kuhusu mvua na mihogo nusu saa nzima, halafu ndio anasema, "Mzee, nimekuja kumwomba kijana wako."

Mwaka nikiwa kidato cha tatu tulifika fainali ya kaunti ndogo. Muhula uliofuata alihamishwa, akapelekwa mbali, na timu ikafa. Si kwamba ilipungua nguvu, ilikufa. Hakuna aliyejua ratiba, hakuna aliyejua ni nani wa kuongea na maustadhi, na ile mipira miwili ikafungiwa stoo. Vijana wanne wa timu hiyo hawakumaliza shule. Mmoja wao alikuwa winga, mguu wa kushoto ambao sijauona tena mpaka leo. Sasa anaendesha bodaboda Diani, na ni mzima, alhamdulillahi. Wawili siwezi kusema hivyo.

Wiki iliyopita ile matatu ilipojaa nilikuwa naenda kumwona mwalimu. Amestaafu, ana duka dogo. Nikamwamkia, "Shikamoo mwalimu," akajibu, "Marahaba mwanangu, umekonda," akanipa mahamri. Nikamweleza habari za Iten. Alizijua zote. Akacheka akasema yule Bruda alikuwa na bahati ya kutohamishwa.

Halafu akaingia ndani akatoka na daftari. Lile la kawaida la kurasa 200, jalada limekatika. Ndani ameandika kila timu aliyowahi kufundisha, shule zote, mwaka kwa mwaka. Jina, namba, nafasi ya kucheza, na mwisho wa mstari neno moja au mawili: fundi seremala. Jeshi. Saudia. Mwalimu. Marehemu. Marehemu. Hotelini. Kila anapokutana na mtu au kusikia habari, anasahihisha mstari.

Mstari wangu unasema: Chuo Kikuu.

Nikamwambia, mwalimu, hapo si kweli tena. Akaniangalia, akanipa kalamu. Nilikaa nayo muda. Mwisho nikakata, nikaandika "anaandika", nikamrudishia. Akavaa miwani, akasoma, akasema sawa, lakini hapo nimeandika kitenzi, si kazi. Mwalimu ni mwalimu tu.

Tufanye nini

Sitaki kuishia kwa maneno matamu, kwa hivyo nina mambo matatu.

La kwanza, tuache kusema Pwani hakuna vipaji au hakuna nidhamu. Hapohapo Tiwi, Kwale hii hii, wasichana wa Kaya Tiwi wamekuwa mabingwa wa kitaifa wa shule kwenye mpira wa kikapu. Mpira wa kikapu, wasichana, Kwale. Hakuna mlima pale. Kuna shule, kuna ratiba, na kuna watu waliokaa na kazi. Kanuni ni ileile ya Iten.

La pili, huu mtaala mpya una njia ya Sanaa na Sayansi ya Michezo kwa wanafunzi wa sekondari ya juu. Kwenye karatasi ni kitu kizuri sana. Lakini kila nikisikia mjadala wake ni viwanja na vifaa. Nauliza: kocha atalipwa kwa saa za jioni au ataendelea kufanya kwa sadaka? Akipata timu inayopanda, ataachwa nayo angalau miaka kumi au atahamishwa muhula ujao? Bruda alikuwa na shirika la kumbeba. Mwalimu wa Kwale ana nani? Kaunti, wazazi, hoteli zote hizi za Diani ambazo bustani zao zinamwagiliwa kuliko viwanja vyetu, hakuna anayeweza kumlipia mtu mmoja nauli na posho? Na aliyestaafu na daftari lake, kwa nini asiitwe awafundishe hawa walimu vijana, wakati wao nao wanampa yale yaliyosomewa, ya kuzuia majeraha na ya kuwalinda watoto? Cheti na daftari vinahitajiana.

La tatu ni letu sisi. Ya Iten tunaijua kwa sababu wageni walikuja na kamera wakaandika. Ya Msambweni, Kinango, Shimoni na Vanga imeandikwa kwenye daftari moja lililokatika jalada, na siku mwenyewe akiondoka, mtu atafungia vitumbua ndani yake. Nilimwomba mwalimu ruhusa nilipige picha, kurasa zote, si za kuposti, ni za kuhifadhi. Amekubali. Tumefika ukurasa wa 40, nitarudi Ijumaa baada ya swala.

Kama ulipita shule yoyote ya kusini, na kuna mtu aliyekuita uwanjani jioni badala ya kukuacha stejini, kamtafute wiki hii. Mwulize ana daftari. Akiwa hana, nunua moja ukae naye.